Mjadala: Mchezo wa jukwaani ukizuiwa kwa kutaja gonjwa la aibu, anayelindwa ni nani?

Mwanzisha mada, Tanga

Naomba tulizungumze hili kwa utulivu, maana limenikaa rohoni wiki tatu sasa.

Mimi ni mtu wa jukwaa. Kikundi chetu kina watu tisa, hatuna mfadhili, na mavazi anatushonea mama wa mmoja wetu. Mwaka huu tuliandaa mchezo wa saa moja na robo kuhusu kaswende kwa wajawazito. Wahusika ni Zuhura, mwenye mimba ya miezi mitano; Mume; Bi Tatu, mkunga; Bi Rehema, shangazi yake Zuhura; na Asha, mhudumu wa baa. Zuhura anakwenda kliniki, anachomwa kidole, kipimo kinaonyesha kaswende, anaambiwa arudi na mwenza wake. Mwenza hataki. Mchezo wote ni kazi ya kumtoa mwanamume mmoja nyumbani mpaka akakae kwenye benchi la kliniki.

Tulipeleka andiko kuomba ukumbi. Likarudi na mstari mwekundu chini ya neno "kaswende" kila lilipotokea, mara 11, na juu ya ukurasa wa kwanza pameandikwa kwa mwandiko mzuri kabisa: "Itafutwe lugha ya staha." Nilipokwenda kuuliza nikashauriwa tuseme "ugonjwa fulani". Nikauliza: mama mjamzito akitoka hapa ukumbini akaenda kliniki, aombe kupimwa ugonjwa gani? Sikujibiwa. Ukumbi hatukupata.

Sitaji ofisi wala mtu, kwa sababu sitaki mjadala huu uwe wa mtu. Swali langu ni hili: je, mamlaka iwe na haki ya kuzuia mchezo kwa sababu tu unataja gonjwa ambalo watu wanaona haya kulitaja? Mimi nasema hapana. Na silisemi kwa hasira ya kukosa ukumbi. Nalisema kwa sababu ya visa viwili vya Ulaya ambavyo mtu wa jukwaa hapaswi kuvisahau, maana ugonjwa wenyewe ulikuwa huuhuu.

Mwaka 1881 Henrik Ibsen wa Norway alichapisha Gengangere, mchezo ambao wengi wanaujua kwa jina lake la Kiingereza, Ghosts. Sisi tungesema Mizuka. Mjane mmoja, Bi Alving, anajenga nyumba ya yatima kwa jina la marehemu mumewe ili watu wamkumbuke kwa wema, ilhali yeye anajua jinsi bwana yule alivyoishi. Kijana wao Osvald anarudi kutoka Paris hali mbaya. Daktari amemwambia kwamba tangu azaliwe ndani yake mna kitu kilichokwisha kuliwa na wadudu. Neno kaswende halimo kwenye mchezo huo, hata mara moja. Staha yote ilitumika. Basi ikawaje? Wauza vitabu wa Skandinavia wakarudisha nakala, kumbi za kwao zikaukataa, na mara ya kwanza ukachezwa Chicago, Mei 1882, na wahamiaji. London ulichezwa mwaka 1891 mbele ya wanachama wa klabu tu, kwa kuwa hapakuwa na kibali cha hadharani, na gazeti la Daily Telegraph likaufananisha na mtaro wa maji machafu usiofunikwa na kidonda kisichofungwa. Kibali kilitoka mwaka 1914. Hesabu miaka hiyo: 33.

Cha pili ndicho kinachoniuma zaidi. Eugène Brieux, Mfaransa, aliandika Les Avariés mwaka 1901. Maana yake ni walioharibika, kama unavyosema shehena iliyoharibika melini. Huyu alifanya kinyume na Ibsen. Kabla ya pazia kufunguliwa, msimamizi wa jukwaa anakuja mbele na kutangaza kwamba mchezo unahusu kaswende na ndoa, kwamba hauna tukio la kuchukiza wala neno chafu, na kwamba kila mtu anaweza kuutazama, isipokuwa kama tunaamini mwanamke hawezi kuwa mwema mpaka awe mjinga. Sensa wa Paris, yaani mkaguzi wa serikali wa michezo ya jukwaani, akauzuia. Brieux akausoma mwenyewe kwa sauti mbele ya wageni walioalikwa. Ukachezwa Ubelgiji mwaka 1902, Paris ukaja kuruhusiwa 1905.

Mmoja alilificha jina, mwingine akalitangaza pazia likiwa bado limefungwa, na wote wawili wakazuiwa. Ndiyo maana hii "lugha ya staha" siiamini. Kinachokataliwa si neno.

Tazama mchezo wa Brieux una nini. Kijana Georges anaambiwa na daktari asioe kwa miaka mitatu au minne, mpaka tiba ikamilike. Yeye ana haraka ya ndoa na mali itakayokuja nayo, hivyo anakwenda kwa tapeli anayemhakikishia kupona kwa miezi michache. Anaoa. Mtoto anazaliwa mgonjwa. Hapo ndipo kuna tukio ambalo nikilisoma mpaka leo nashusha kitabu: mtoto ananyonyeshwa na mwanamke wa kijijini aliyeajiriwa, na daktari anasema asiendelee, ataambukizwa. Bibi wa mtoto anataka aendelee. Yuko tayari kulipa zaidi, ilimradi yule mwanamke asiambiwe. Chumba kizima kinajua isipokuwa mwenye ziwa.

London mchezo huo ulichezwa faraghani mwaka 1914. Mwaka 1917 ukapewa kibali cha hadharani, na maneno yalikuwa yaleyale. Kilichobadilika ni kwamba kulikuwa na vita, na katika vita ile wanajeshi wa Uingereza walilazwa hospitali kwa magonjwa ya zinaa zaidi ya mara 400,000. Jeshi lilipoanza kupungukiwa na watu, staha ikakaa kando. Wake na watoto walikuwa wanaugua miaka yote hiyo, hakuna aliyefungua ukumbi kwa ajili yao.

Karibuni. Nataka hasa kuwasikia wasiokubaliana nami.

Baba wa watoto wanne, Mombasa

Ndugu yangu wa Tanga, nimekusoma mpaka mwisho na nakuheshimu kwa kuweka msimamo wako wazi. Nami niweke wangu.

Haya si ujinga. Sisi watu wa pwani hatukungoja Ulaya itufundishe kuzungumza mambo ya mwili. Msichana alikuwa na somo wake wa kumfunda, kuna kungwi, kuna unyago, na mvulana ana jando. Ndani mle hakuna neno lililokuwa haramu. Nyanya yangu alikuwa akisema mambo mbele ya wari ambayo daktari wa leo angeona haya kuyatamka. Lakini kulikuwa na mlango, na mlango ule ulikuwa na maana: nani aingie, ana umri gani, atoke na nini.

Jukwaa halina mlango huo. Nimewahi kukaa ukumbini na mkwe wangu upande huu na binti yangu wa miaka kumi upande huu, mchezo ukaanza kueleza ugonjwa wa tupu. Sikusikia hata somo lililokusudiwa. Nilikuwa natafuta pa kuweka macho. Na najua mkwe wangu naye vilevile. Sasa nani aliyefaidika?

Tena mchezo wa ugonjwa hauwi mwema kwa kuwa tu unazungumzia ugonjwa. Afrika Kusini, mwaka 1995, wizara ya afya ilitoa kandarasi ya rand milioni 14.27 kwa mchezo wa UKIMWI ulioitwa Sarafina 2. Watu wa mapambano ya UKIMWI wenyewe ndio waliolalamika kwamba ujumbe haueleweki. Mwaka 1996 Mlinzi wa Umma, ofisi ya huko inayochunguza mwenendo wa serikali, akachunguza, mchezo ukasimamishwa. Pale hapakuwa na sensa mwenye haya.

Sisemi uzuie. Nasema pawe na mtu wa kuuliza: unamwambia nani, wapi, saa ngapi?

Mwalimu wa fasihi, Morogoro

Mimi nataka kuleta upande mwingine, kwa sababu huku bara tuna mfano ambapo serikali haikuzuia, ilifanya kinyume kabisa, ikaupeleka mchezo mashuleni. Kilio Chetu, tamthiliya ya Medical Aid Foundation iliyochapishwa na Tanzania Publishing House mwaka 1996, inazungumza wazi juu ya UKIMWI, mimba za utotoni na wazazi wanaokataa kuwaambia watoto ukweli. Mama Suzi hataki kusikia habari ya elimu ya jinsia. Baba Anna anaitaka. Vijana wengi waliosoma sekondari Tanzania wanawajua hao wawili kama majirani zao.

Nilipoisoma nikiwa kidato cha tatu, mwalimu wetu alituambia mazungumzo ya Joti na Suzi, vijana wawili wa tamthiliya hiyo, tuyasome kimyakimya, kila mtu peke yake. Kisha akaandika ubaoni: "Dhamira: umuhimu wa elimu ya jinsia." Tukanakili. Somo likaisha. Hakuna sensa aliyefika pale, hakuna aliyekataza kitu, na bado hakuna neno la mchezo ule lililosemwa kwa sauti ndani ya darasa.

Sasa mimi ndiye mwalimu, na nakiri kwamba miaka ya mwanzo nilifanya vilevile. Mwanafunzi anaweza kukutajia dhamira nne, mbinu za kisanaa na kufaulu kwa kutumia tamthiliya mbili, huku hajui kama maumivu anayoyapata akienda haja ndogo yana jina. Siku moja niliokota chini ya dawati kikaratasi kimekunjwa mara nyingi mpaka kimekuwa kama punje ya mhindi. Kimeandikwa: "Mtu akipona kisonono anaweza kuzaa?" Hakikuwa na jina. Darasa lilikuwa na watoto 62. Tangu siku hiyo Kilio Chetu tunaicheza, hatuisomi tu. Tunasukuma madawati, wanasimama, wanasema maneno kwa vinywa vyao. Maswali yanayokuja baada ya hapo hayaji kwa vikaratasi.

Kwa hiyo kwa mzee wa Mombasa: nakubali kwamba mahali na wakati vina uzito. Ila ukimpa mtu mamlaka ya kuuliza "unamwambia nani?", mara nyingi jibu lake litakuwa "usimwambie yeyote".

Muuguzi mstaafu, Bukoba

Wanangu, mimi si mtu wa tamthiliya. Nimefanya kazi wodini na kliniki ya wajawazito, na nilikuwapo wakati ule.

Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI Tanzania walitambuliwa hapa kwetu Kagera mwaka 1983. Watu hawakuwa na jina lake. Wakaupa jina la kitambaa, Juliana, kitambaa kilichokuwa kinaletwa na wafanyabiashara wa magendo kutoka Uganda, kwa kuwa vijana waliokivaa ndio walioanza kuondoka. Tulizika sana. Makaburini kilisomwa kitu kimoja: aliugua kwa muda mrefu. Wengine walisema karogwa, kadhulumu mtu mali huko mpakani. Mpaka mke anaanza kukonda, ndipo shangazi zake wanaanza kunong'ona, na bado hakuna anayesema.

Niwaambie nilichokiona kwa macho yangu. Zilipoanza kuja ngoma na michezo ya mnadani, ile iliyokuwa na maneno ya mzungukomzunguko, watu walicheka wakatawanyika. Ile iliyotaja, kesho yake walikuja kituoni. Si wengi, watatu, wanne. Lakini walikuja wakilisema lile jina walilolisikia, neno kwa neno, kama waliotumwa dukani. Mtu anayejua jina la anachotaka hukuondolea nusu ya kazi.

Na hiyo kaswende mnayoionea haya, nisikilizeni. Mama mwenye mimba akipimwa mapema na kuchomwa sindano ya penisilini ya benzathini, mtoto huokoka. Dawa ya zamani, ya bei ndogo. Pamoja na hayo Shirika la Afya Duniani lilikadiria kwamba mwaka 2016 kulikuwa na takriban watoto 661,000 duniani walioathirika na kaswende ya kuzaliwa nayo, na zaidi ya 200,000 kati yao walizaliwa wafu au wakafa wachanga. Nimewapokea baadhi ya watoto hao kwa mikono hii. Ngozi ya viganja na nyayo inabanduka. Unamfunika haraka mama asione, naye anakuuliza, "Nimefanya nini?"

Na mama akitibiwa, mume asipotibiwa, anaambukizwa tena nyumbani kwake. Kwa hiyo kijana wa Tanga, mchezo wako wa kumleta mwanamume kwenye benchi ndiyo kazi yetu ya kila siku. Usilitoe lile neno.

Mwanzisha mada, Tanga

Shikamoo mama. Maneno yako nitayabandika kwenye ukuta wa tunapofanyia mazoezi.

Mzee wangu wa Mombasa, umenigusa kwenye suala la mlango. Mimi mwenyewe nimelelewa na bibi aliyekuwa kungwi, na sitasema unyago ulikuwa upuuzi. Lakini nikuulize kwa heshima. Kungwi alimfundisha bwana arusi? Wakati wa posa tunauliza ukoo, tunauliza kazi, tunauliza kama anaswali, tunapanga mahari mpaka senti ya mwisho. Nani aliyeuliza damu yake? Sasa makanisa mengi yanataka vipimo kabla ya ndoa, nashukuru, ila hilo limekuja baada ya makaburi ya Kagera na kwingineko.

Katika tendo la mwisho la Les Avariés baba wa mke, ambaye ni mbunge, anakuja kwa daktari amewaka, anataka cheti cha kumwezesha binti yake kupata talaka. Daktari anamuuliza: ulipomwoza, ulichunguza mali ya kijana, ulichunguza hadhi yake, afya yake uliichunguza? Mbunge hana la kusema. Nadhani sensa wa Paris alifika ukurasa huo akajiona yeye mwenyewe. Baba wa heshima ndiye anayeulizwa pale, na baba wa heshima ndiye aliyekuwa ameshika kalamu.

Hata hivyo nakukubalia jambo moja bila kulizungusha: mtazamaji ana haki ya kujua anachoingilia. Ndilo tangazo la Brieux kabla ya pazia. Bandika mlangoni umri, taja mada, mtu achague. Mlango wenye tangazo naukubali. Mlango wenye kufuli ndio ninaoupinga.

Mwanafunzi wa sheria, Nairobi

Niongeze kidogo upande wa sheria maana naona haujaguswa. Huku Kenya Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, ni ya mwaka 1962, kabla hatujapata uhuru. Tanzania mna yenu ya mwaka 1976. Nasi tuna Katiba ya 2010, ambayo ibara yake ya 33 inataja waziwazi uhuru wa ubunifu wa kisanaa. Uingereza, waliokuwa na afisa wa nyumba ya kifalme aitwaye Lord Chamberlain wa kusoma kila mchezo kabla haujachezwa hadharani, walilifuta jukumu hilo mwaka 1968. Sisi tulirithi tabia, wenyewe wakaiacha.

Lakini kaka wa Tanga, kile kibali cha 1917 usikitukuze. Machi 1918, mwaka mmoja tu baadaye, serikali ileile ilitoa kanuni ya vita, namba 40D, iliyomfanya mwanamke mwenye ugonjwa wa zinaa kuwa mhalifu akilala na mwanajeshi. Mwanajeshi aliyempelekea mke wake ugonjwa hakuguswa na kanuni hiyo. Mchezo uliruhusiwa kusema ukweli kuhusu mume, sheria ikamkamata mwanamke.

Na hilo halikuishia kwao. Sheria yetu ya UKIMWI ya 2006 ilikuwa na kifungu cha 24 kilichofanya kumwambukiza au kumhatarisha mtu kwa makusudi kuwa kosa la jinai. Waliokipinga mahakamani walieleza jinsi kitakavyowaumiza wanawake, kwa kuwa wao ndio wanaopimwa kwanza, kliniki, wakiwa wajawazito; anayejua kwanza ndiye anayeonekana mkosaji. Mahakama Kuu ilikitangaza kuwa kinyume cha Katiba mwaka 2015. Kwa hiyo swali lako la "anayelindwa ni nani" liulizeni hata pale mchezo unaporuhusiwa.

Mama anayeishi na virusi, Mwanza

Nimesoma kimya tangu jana. Huyu kijana wa Nairobi ndiye amenifanya niandike.

Natumia dawa tangu mwaka 2006. Nina watoto wawili wazima, hawana virusi. Nataka niwaambie kuhusu mchezo ambao haukuzuiwa na mtu.

Miaka ya tisini, nikiwa msichana, kikundi kilikuja uwanja wa soko letu na spika kubwa. Mchezo wa UKIMWI. Ulikuwa na kibali, diwani alikaa mbele. Kulikuwa na mhudumu wa baa, mwanamume amevaa kanga na matiti ya matambara. Anatembea hivi na hivi, watu wanapiga miluzi. Tendo la mwisho anatoka kapakwa unga usoni, mbavu zimechorwa kwa mkaa, anakohoa, anaanguka. Ngoma ikapigwa. Watu walicheka mpaka wakatokwa na machozi. Mimi nilicheka.

Miaka minane baadaye nilipoanza kuugua, jirani aliniita kwa jina la yule mhusika. Watoto wakalishika. Nilikuwa sijawahi kufanya kazi baa hata siku moja, na hata kama ningefanya. Nilikuwa mke wa mtu, niliolewa nikiwa bikira, na mume wangu alikuwa dereva wa masafa. Katika mchezo ule hapakuwa na dereva wa masafa.

Kwa hiyo kwangu mimi neno kutajwa si ushindi. Walitaja UKIMWI kwa spika siku ile, walitaja vizuri tu. Mimi siungi mkono kalamu nyekundu, maana iliyotuua zaidi ni kunyamaza, mama wa Bukoba amesema kweli tupu. Lakini ninyi wa jukwaa mnapodai uhuru wenu, na mimi nina la kudai: aliyeugua awepo mnapoandika, si mnapopiga makofi.

Na mwanangu wa Tanga, naomba nikuulize kwa upendo. Umetuandikia wahusika wako. Zuhura ana jina. Bi Tatu ana jina. Shangazi ana jina, hata Asha wa baa ana jina. Huyu aliyeuleta ugonjwa nyumbani umemwita "Mume". Kwa nini yeye hana?

Mwanzisha mada, Tanga

Dada yangu, swali lako nilikaa nalo usiku kucha kabla ya kukujibu, kwa sababu jibu ninalijua.

Alikuwa na jina. Katika andiko la kwanza aliitwa Salehe. Tulipoanza mazoezi mwenzetu mmoja alisema mtaani kuna kina Salehe wengi, wataona tumewasema, mjomba wake mwenyewe ni Salehe. Tukalitoa. Hatukujadili hata dakika tano. Hili lilikuwa miezi miwili kabla ya ile kalamu nyekundu. Kina Zuhura nao wamejaa mtaani, na hakuna kati yetu watu tisa aliyefikiri kuwauliza.

Asha pia nimemtazama upya. Ana mistari sita, yote ya kuchekesha. Brieux, mwaka 1901, alimleta kahaba katika tendo la mwisho akampa nafasi asimulie alivyoharibiwa na bwana wa nyumba alikokuwa mtumishi, alivyofukuzwa, na alikoishia. Mimi nimeandika zaidi ya miaka mia baadaye, nikampa wangu vichekesho.

Jana jioni tulikutana. Salehe amerudishiwa jina lake. Mistari ya Asha tumeifuta yote, na hatutaandika mipya mpaka wewe, ukikubali, uisome pamoja nasi. Nauli ya kuja Tanga tutachanga. Neno kaswende linabaki mara zote 11. Ukumbi hatuombi tena kwa sasa. Tutafanya kama Brieux: tutakaa kwenye viti na kulisoma andiko kwa sauti, siku ya kliniki, chini ya mwembe ulio jirani na kituo, kina mama wakisubiri zamu, kama wahudumu wa kituo wataturidhia.

Mama anayeishi na virusi, Mwanza

Nitakuja. Nauli yangu ninayo. Nitumieni kwanza kurasa za Salehe, za Asha ziacheni.

Baba wa watoto wanne, Mombasa

Bado nasema mlango ni muhimu, sijabadili hapo. Lakini mkimaliza Tanga, vukeni mpaka mje huku. Ua wa nyumba yangu ni mkubwa na una kuta. Kina mama baada ya alasiri, pamoja na mabinti waliovunja ungo. Wanaume baada ya isha. Hao wanaume niachieni mimi, nitawapitia nyumba kwa nyumba, na mkwe wangu nitamleta kwa mkono wangu.